Faili Lisilo na Jina

Kila Jumamosi Nasma alifua sare, akadeki sebule, kisha akakaa peke yake kutazama filamu. Shangazi Ummy alishinda dukani, na baba yake, Halfani, alikuwa Katumba akinunua mahindi. Tangu mama afariki, nyumba yao ya Majengo ilikuwa kimya mno. Nasma alizipenda filamu zilizotafsiriwa kwa Kiswahili kwa sababu zilimwongelesha.

Siku hiyo alipeleka flashi ya baba kibandani kwa Nassib, fundi wa kuingiza filamu.

"Imejaa," Nassib alisema. "Kuna MVI_0318, 0319 na 0320. Ni video za nani?"

"Majina gani hayo? Virusi tu hivyo! Futa."

"Umezifungua?"

"Aa, kaka Nassib, futa bwana!"

Nassib akafuta, akaingiza filamu mpya.

Alasiri baba akapiga simu. "Mwanangu, ukimkumbuka mama, chomeka ile flashi. Video zake za Idi zimo humo. Sina nakala nyingine."

"Baba... nimezifuta."

Baba akasema taratibu, "Usiingize kitu kingine humo. Rudi kwa Nassib sasa hivi."

Nasma alikimbia huku analia. Nassib akatumia programu ya kurudisha mafaili. Video mbili zilikuwa zimeshafunikwa na filamu, hazikupatikana tena. Moja ilirudi.

Mama alionekana uani akipepeta mchele. "Halfani, acha kunipiga picha, nina vumbi mie! Nasma, njoo umnyang'anye baba yako hiyo kamera!"

Nasma akalia kwa sauti. Miaka miwili hakuwa ameisikia sauti ile.

"Hata mimi nimekosea, ningefungua kwanza," Nassib alisema. "Sikiliza, mdogo wangu. Kamera huandika namba kwa sababu haimjui mtu. Sisi ndio tunaomjua. Faili usilolielewa, muulize mwenye nalo, lipime virusi, ndipo ulifungue. Likiwa la maana, weka nakala sehemu mbili, ulipe jina. Usifute kitu kwa kuwa tu hukijui. Haya, hili tuliiteje?"

"Mama anapepeta mchele."

Nassib akaandika, akatengeneza nakala. "Nikuingizie na filamu?"

"Hapana," Nasma alisema, akisogeza kigoda karibu na kioo cha kompyuta. "Rudisha pale anaponiita."