Mkwaruzi

Wimbi la tatu ndilo lililoipindua boti. Injini ilikuwa imezima tangu saa nne asubuhi, na nahodha, mke wa kaka wa abiria wake pekee, alikuwa bado ameinamia plagi maji yalipowavamia ubavuni. Walipoibuka, boti ilikuwa imelala kifudifudi, nao wawili wakaing'ang'ania.

Abiria huyo alikuwa mtunzi wa kamusi. Alikuwa akienda kisiwani kuulizia neno moja tu, mkwaruzi, alilolikuta katika barua ya zamani: "Mume wangu alichukuliwa na mkwaruzi." Ofisini walilibishania mwezi mzima. Mhariri mkuu alishikilia kuwa ni mwamba. Wifi yake, nahodha huyo aliyekulia baharini, hakuwahi kulisikia.

Adhuhuri kitu kikampitia mtunzi pajani, kikiparuza kama msasa. Hakusikia maumivu, ila moto tu. Alipotazama chini, maji yalikuwa mekundu.

"Wifi, tumegonga miamba."

"Hapa hakuna mwamba. Hata nanga yangu haifiki chini. Panda juu."

"Tutaizamisha."

"Panda."

Alipokuwa akijivuta, kile kitu kikarudi. Kiliusugua mguu wa wifi, kikauchuna ngozi kutoka goti hadi kifundo. Ndipo pezi likatokeza, hatua tatu kutoka kwao.

"Papa," wifi alisema, akijikokota juu. "Anapima kwanza. Usitikise maji."

Walichana mikono ya mashati, wakafunga majeraha. Wifi alikuwa na chupa moja ya maji kiunoni. Wakanywa kwa kifuniko, kimoja kimoja. Mmoja akisinzia, mwenzake alimshika mkanda. Mara kwa mara waliisikia boti ikisuguliwa chini ya vifua vyao.

"Nikifa, usimwambie kaka yako kuwa plagi za akiba nilizisahau nyumbani."

"Utamwambia mwenyewe."

Asubuhi ya pili meli ya mizigo ikawaona. Wifi hakuweza tena kusimama.

Wiki mbili baadaye mtunzi alirudi ofisini akichechemea. Kwenye kadi ya neno alikata "mwamba", akaandika: "papa, jina la kale, kwa kuwa hukwaruza kabla ya kuuma." Mhariri mkuu aliisoma akiwa amesimama.

"Una hakika hayakuwa mawe tu, dada?"

Zamani angemwekea vitabu vitano mezani kama ushahidi.

"Mwamba haurudi," alisema, akachukua mkoba wake. Saa ya kuona wagonjwa ilikuwa imekaribia, na wifi hakupenda bendeji yake ibadilishwe na mtu mwingine.