Manyoya ya Utosini

Haya yalimkuta rafiki yangu, fundi cherehani, na mpaka leo hapendi kuyasimulia. Kasuku wake alianza kunyonyoka manyoya, akamkimbiza kwa daktari wa mifugo. Daktari akamtazama ndege utosini.

"Kasuku mpweke hujinyonyoa kifua na mabawa, mama. Kichwani mdomo wake haufiki. Huyu ananyonyolewa na mtu."

Nyumbani waliishi wawili tu, yeye na mdogo wake.

"Dada, naapa sijamgusa!" mdogo wake alilia.

Fundi hakutaka kusikia. Yaani mtoto aliyemlea mwenyewe ndiye wa kumtesea ndege wake! Akamtolea mabegi nje, akafunga mlango kwa komeo.

Jioni hiyo alifunika tundu la kasuku kwa kitambaa, kama daktari alivyoagiza, ili ndege alale mapema. Akakaa bila kuwasha taa, roho ikimuuma.

Chini ya kitambaa akamsikia kasuku akiiga mlio mdogo, mkavu, kama uzi unaokatwa kwa meno. Ukasikika tena. Kasuku akalia kidogo.

Kisha akasema, kwa sauti ya fundi mwenyewe, ile anayobembelezea watoto wa wateja:

"Tulia, kipenzi. Tutasema ni mdogo wangu."