Vigelegele vya Kiwamba

Zama zile kila mji wa pwani ulikuwa na mfalme wake. Mji wa Vumbani ulipochomwa na jeshi la Kitoni, walionusurika walikimbilia Kiwamba, kisiwa kidogo ambacho mtu akipika upande huu, harufu humfikia jirani upande wa pili.

Kilikuwa jiwe la matumbawe, kali kama wembe, likipigwa na bahari kuu. Upande wa bara palikuwa na mikoko, na ndani yake mlango mwembamba wa maji uliopitisha hori tu, mitumbwi midogo ya mti mmoja. Maji ya kunywa yalikuwa ya mvua, yaliyotuama pangoni walimolala popo. Jeshi lingeweza kushuka pahali pamoja tu, kwenye ulimi wa mchanga wa kaskazini, na huko membe, ndege wa baharini, walitaga hata mtu akakosa pa kukanyaga.

Membe hao ndio walikuwa walinzi. Mgeni akitia mguu, waliruka wote kwa kelele za kumwamsha maiti. Kwa hiyo mayai yao yalikuwa mwiko, na mlinzi wa mwiko huo alikuwa Mwanatumu, mjane aliyezaliwa kisiwani humo.

Lakini msimu ule kasa hawakupanda kutaga, chaza wakaisha miambani, na wanyonyeshao wakakauka maziwa. Vave, mkwe wa Mwanatumu aliyefiwa na mume vitani, alimpa mtoto ziwa tupu. Hakulalamika. Hata kipande chake cha pweza alimwachia Mwanatumu, akisema ameshiba. Mwanatumu aliliona hilo, likamchoma moyo.

Akamwendea Shekuwe, mtoto wa kaka yake, aliyeongoza wapiga pinde waliosalia.

"Nimeruhusu mayai," akasema. "Kwa wanyonyeshao tu."

"Shangazi! Ukimpa mmoja umewapa wote. Membe wakihama, nani atatuamsha?"

"Mimi."

Shekuwe alicheka, ingawa jeraha la mkono lilimuuma. "Kwa sauti hiyo? Hata kuku hawakusikii."

"Nilipomwozesha dada yako walinisikia hadi bara. Kaulize."

"Wale wa Kitoni hawaji harusini, Shangazi."

"Najua wanalojia. Lakini mtoto akifa kwa njaa leo, kesho tutakuwa tunamlinda nani?"

Ikawa kama alivyosema Shekuwe. Walianza wanyonyeshao, wakafuata majeruhi, kisha kila mwenye tumbo. Asubuhi moja membe waliruka, wakazunguka juu ya kisiwa, wakaenda zao. Mchangani yakabaki maganda na kaa.

Mwanatumu akahamia pale. Kila kulipopambazuka Vave alimletea maji kwenye kifuu, akamfunika mabega kwa shuka yake mwenyewe.

"Mama, rudi kambini. Baridi hii itakuua."

"Nenda ukanyonyeshe, mwanangu."

Alfajiri moja ya ukungu, bahari ikiwa imejaa, mitepe ya Kitoni ilitokeza kimya, makasia yamefungwa matambara. Wanaume wenye mikuki na ngao za ngozi ya nyati wakashuka majini. Mwamba wa kujificha ulikuwa karibu. Mwanatumu aliutazama, akasimama, akakaza shuka, akapiga vigelegele.

Askari walishtuka. Mmoja akacheka: "Bibi, umekuja kutupokea?"

Mwanatumu alivuta pumzi, akapiga tena, na tena.

Kambini Vave alimfunga mtoto mgongoni. Shekuwe akapiga kelele, "Horini! Wote horini!" Mikoko ikawameza, huku sauti ile ikiwafuata juu ya maji. Hori ya mwisho ilipoingia mlangoni, sauti ikakatika. Vave aligeuka. Shekuwe alimshika bega.

Habari za wafalme zilihifadhi kwamba Kitoni iliteka Kiwamba. Jina la Mwanatumu halimo. Lakini kwa wajukuu wa Vumbani, walioselelea ugenini, harusi haianzi mpaka ajuza mmoja asimame peke yake, aelekee bahari, apige vigelegele huku wengine wote wamenyamaza. Wa kwanza kufanya hivyo alikuwa Vave, siku alipomwoza mwanawe, yule aliyeponea mayai ya membe.