Sauti Aliyomkopesha Mbwa

"Wou! Wou!" Mlio ulitoka sebuleni saa nane za usiku, ukafuatiwa na kikohozi kidogo, na rafiki yangu fundi cherehani akaketi kitandani. Nyumba ile haijapata kufuga mbwa. Kulikuwa na diski tu ya sinema bubu, kichekesho cha mbwa hodari anayepanda ngazi kwa miguu miwili kumwibia bwana mnene kofia. Mwana marehemu wa rafiki yangu, kila mbwa alipofumbua kinywa, ndiye aliyembwekea, huku akikohoa kifua kile kile kilichomuua. "Mama, maskini hana sauti. Namkopesha yangu."

Jioni ile rafiki yangu alikuwa ameijaribu, ili amletee mwanangu mdogo asubuhi aitazame, akasahau kuizima. Basi akaenda akipapasa ukuta gizani. Kwenye runinga mbwa alikuwa juu ya ngazi. Akafumbua kinywa: wou! Sauti ya mwanawe, na kikohozi chake. Akapiga magoti, akabandika shavu kwenye kioo. "Baba, ni wewe? Sema na mama yako!"

Mbwa akafumba kinywa, akamtazama. Kisha nyuma ya runinga ukatoka mnong'ono: "Mama, hataki kunirudishia."

Diski hakutuletea. Mumewe akijua ataichoma, naye hana kingine kilichobaki cha mtoto. Kila usiku anaiwasha, anambembeleza mbwa. "Niapie hutamwambia mtu, mwenzangu," aliniambia, nami nikaapa, mwanangu akiwa mgongoni. Nikishakwambia wewe, basi, simwambii mtu mwingine.