Wizi wa Beti Nne

Saa nne asubuhi. Jumamosi, mwaka 1953. Chumba cha nyuma cha kilabu cha pombe, Tunduma.

Efraimu alichora ramani ya ofisi mezani kwa mkaa. Mlango mmoja, mwembamba. Dirisha la nondo. Askari wawili barazani. Ndani, chini ya meza ya karani, sanduku la dhahabu ya machimbo, linasubiri lori la Rodeshia.

"Miaka tisa nimeichimba ile dhahabu," alisema. "Wakanifukuza na kifua kibovu na blanketi moja. Leo nakwenda kuchukua changu."

Anania, jitu la kubeba magunia ya chumvi kutoka Ivuna, aliitikia kwa kichwa. Roda alikuwa anakitazama kinanda chake, kimekaa mapajani mwa Efraimu.

Kinanda kile cha mkono alikiunda baba yake Roda, fundi wa vinanda vya kanisa, akafa bila kusema aliweka nini ndani. Kikipigwa, kila anayekisikia anaganda alipo, wakati umesimama kwake. Anayepiga na wanaoimba ndio peke yao wanaotembea. Ukinyamaza, nawe umeganda. Tena kinakubali wimbo mmoja tu, wa mavuno, beti nne.

"Baada ya kazi hii unanirudishia," Roda alisema.

"Nimeshasema."

"Ulisema hivyo Mbozi. Ukasema tena Nanyala. Kazi ikiisha tu, unakifungia."

"Roda, usinichoshe. Kazi kwanza."

"Kaka, mpe neno lako," Anania alisema.

"Nimpe maneno mangapi?"

Alikuwa ameshampa mawili, yote hewa.

Saa sita mchana.

Roda alikaa ukutani, ng'ambo ya barabara, akaanza kupiga. Mtaa ukanyamaza. Mbwa aliyeinua mguu akabaki nao juu. Askari mmoja aliganda na kikombe cha chai mdomoni, mwenzake katikati ya kupiga miayo. Efraimu na Anania wakapita katikati yao wakiimba.

Kazi za nyuma Efraimu alimsimamia Roda begani. Leo aliingia mwenyewe, maana hakumwamini mtu na dhahabu yake.

Wizi wa kuimba unakera. Huwezi kuuliza, huwezi kutukana. Ubeti wa kwanza ukaisha wako ndani. Wa pili, Anania akalivuta sanduku miguuni mwa karani. Wa tatu, akalikumbatia, akageuka, akatangulia mlangoni. Efraimu alimfuata na furaha ambayo hakuwa nayo tangu atoke mashimoni.

Ukaja ubeti wa nne. Mbozi na Nanyala hawakuwahi kuufikia. Sasa, kwaya zote za huku huuanza kwa sauti za juu peke yake. Besi husubiri mstari mzima, ndipo huingia. Anania aliimba besi kanisani tangu sauti ilipomvunjika. Akanyamaza, kama alivyofundishwa.

Akaganda palepale kizingitini, mguu mmoja hewani, sanduku kifuani, mlango wote umejaa yeye.

Efraimu alisukuma kwa bega. Akasukuma kwa mgongo. Akajaribu kupita chini ya makwapa yake, akakwama, akarudi. Machozi ya hasira yalimtoka, na bado ilimbidi aimbe. Mtu mzima, jambazi, amezibiwa njia na nidhamu ya kwaya.

Alipochungulia kwenye nondo, Roda alikuwa amesimama. Aliutazama mlango. Akamtazama Efraimu. Kisha akaanza kutembea kuelekea mpakani, akipiga taratibu, bila kukosea.

Kumwita hakuweza. Akayatupa maneno ya wimbo, akatia yake ndani ya sauti ileile:

"Roda rudi, Roda rudi, kinanda ni chako kweli."

Roda hakugeuka. Alimjibu kwa sauti ya pili, safi kabisa:

"Ninacho tayari, kaka, kaa huko na dhahabu."

Efraimu akaziparamia nondo, akaimba matusi yote aliyoyajua, kila tusi mahali pake kwenye mdundo. Kinanda kikazidi kwenda mbali. Kikawa chembamba. Akatega sikio. Hakusikia kitu.

Nyuma yake kalamu ya karani ikakwaruza karatasi. Nje, askari akamaliza miayo yake.

Mlangoni, Anania akashusha mguu, akavuta pumzi, na mbele ya bunduki mbili akaingia na besi yake, kwa sauti kamili, mahali panapotakiwa.