Tabasamu la Bakshishi

Siku ya soko, hoteli ya Rachel mjini Voi ikiwa imefurika, birika lilimponyoka mhudumu Immaculate na chai ikalowesha shati jeupe la mgeni.

"Woi, nimekuunguza!"

"Usijali, mrembo. Nimetoka kwenye baridi ya Werugha, kule milimani, joto nalihitaji."

Mgeni huyo alikuwa Sylus, mwalimu wa historia. Mapenzi yakashika, simu zikawa hazikatiki.

"Mwalimu wangu, bakshishi ilianzia wapi?" Immaculate alimtania siku moja.

"Wanasema ni Uingereza, mabwana wakiwapa watumishi sarafu. Marekani nako, baada ya utumwa, waajiri wengine waliwanyima Weusi mshahara, waishi kwa huruma ya wateja."

"Basi Rachel ametoka huko! Mshahara hanipi, naishi kwa bakshishi tu."

Alicheka, ila hakumwambia habari za Derrick. Derrick, mteja wa jaketi la ngozi na manukato makali, kila alipokuja aliacha noti kubwa chini ya kisosi. Jumamosi moja akamshika mkono.

"Unakaa Mwakingali, chumba cha mwisho. Sivyo?"

Immaculate hakuwahi kumwambia anakokaa. Hata hivyo akatabasamu. Sylus alikuwa mlangoni. Aliona mkono, noti na tabasamu, akageuka akaenda zake.

Wiki nzima hakupokea simu. Jumamosi iliyofuata Derrick akarudi.

"Leo nakusindikiza. Pesa zangu umekula vya kutosha."

Immaculate alikimbilia jikoni, akampigia Sylus tena. Safari hii ikapokelewa.

"Sylus, usikate! Naogopa!"

"Mwambie mpenzi wako."

"Si mpenzi wangu! Namchekea kwa sababu nikinuna, sili. Si wewe uliyenifundisha?"

Sylus akajibu kwa sauti ya chini: "Niko hapa stendi. Nimeshindwa tu kuingia hotelini. Nakuja, mpenzi."

Alipotokea akihema, Immaculate alikuwa ameshasimama mbele ya Derrick, noti zake mkononi.

"Chukua! Nilikuuzia chakula, sikujiuza mimi!"

Wateja wakageuka. Rachel akatoka jikoni na mwiko mkononi. Derrick akatazama huku na huku, kila jicho likiwa juu yake, akasonya na kutoka.

Wawili hao wakaketi nje kwenye benchi. Immaculate hakuacha kuitazama barabara.

"Nisamehe," Sylus alisema. "Mambo haya nayafundisha, lakini kwako sikuyaona. Imma, utakubali nikuoe?"

"Usiniulize sasa. Natetemeka, nitakubali kwa woga."

Sylus akaushika mkono wake. Jua likasogea, wachuuzi wakaanza kufunga mizigo yao.

Hatimaye Immaculate akavuta pumzi.

"Haya," alisema. "Uliza tena."