Kilio cha Mwamvita Msibani

Soko Kuu la Morogoro lilikuwa limefurika Jumamosi ile, na Mwamvita alikuwa chini kwenye nyanya zilizopondeka, gauni limechanika begani, analia mpaka kwikwi. Watu walisimama kutazama tu. Mmoja ndiye aliyetua gunia lake la kabichi, akapenya, akapiga goti.

"Dada, nani kakufanyia hivi? Nionyeshe!"

"Kata!" alifoka Godfrey, mwongozaji wa filamu, nyuma ya kamera. "Wewe bwana umetokea wapi? Umetuharibia kazi!"

Mwamvita akaangua kicheko, machozi yangali mashavuni. Jamani, kijana wa watu alivyotahayari! Aliitwa Hashimu, mchuuzi wa mboga za Mgeta, na tangu wiki ile simu ya Mwamvita haikutulia.

"Umekula, mpenzi?"

"Leo nimekufa mara mbili, nitakula saa ngapi?"

"Basi fufuka upesi. Mama kapika mlenda, anakuulizia."

Wakiwa wawili Hashimu alipenda kumchokoza. "Hebu lia nione." Mwamvita alihesabu tatu, mbili, moja, na chozi likadondoka. Hashimu alijipiga paja kwa kicheko. "Wewe mwanamke hatari!"

Mama yake Hashimu, Bi Mwaisha, alimpenda Mwamvita kama aliyemzaa. Ndiye pekee aliyemwonyesha kidonda kwenye titi lake, akamwapisha. "Hashimu asijue. Ataacha biashara aje kukaa hapa ananililia." Hashimu akaambiwa ni vidonda vya tumbo. Kila alipopanda Mgeta kufuata mboga, Mwamvita alimwogesha mama yule na kumfunga kidonda. Miezi mitano, na siri akaimeza.

Simu ilimkuta Mlali, akiigiza mke anayepigwa. Aliyepiga alikuwa Sabra, mdogo wa Bi Mwaisha. "Mwanangu, dada katutoka." Mwamvita alidandia bodaboda vilevile alivyokuwa, jicho limepakwa weusi, damu ya rangi mdomoni. Hakuna aliyemkumbusha kunawa, na yeye akili haikuwepo.

Aliingia chumbani kwa wanawake, akajitupa ubavuni mwa maiti. "Mama, umeniacha na nani? Mama!"

Msichana mmoja akatoa simu. Wa pili naye akatoa. "Huyu si yule wa filamu? Kwani wanarekodi?" Mtu akacheka, Mungu amsamehe.

Hashimu akasimama mlangoni, macho mekundu. "Mwamvita, toka. Hapa siyo lokesheni."

"Hashimu, mpenzi, mimi..."

"Machozi yako nayajua! Tatu, mbili, moja. Leo hata damu umejipaka! Mama yangu kakukosea nini?"

Neno moja tu kuhusu kile kidonda lingetosha kumnyamazisha. Lakini alikuwa amemwapia marehemu, na marehemu alikuwa pale pale mbele yake. Mwamvita aliinuka, akajifunika khanga, akatoka. Kufikia alasiri video yake ilikuwa kwenye kila simu mjini, watu wanacheka.

Baada ya arobaini Hashimu alibisha hodi chumbani kwa Mwamvita, Mazimbu, amevaa kanzu, amekonda, bahasha mkononi.

"Mama mdogo Sabra kaniambia. Ndiye aliyemwosha mama, akakuta kidonda kimefungwa kitambaa safi. Akauliza majirani ni nani alikuwa akimuuguza, wakakutaja wewe." Akamwekea bahasha mkononi. "Nisamehe, Mwamvita. Hii ni barua ya posa. Kesho naipeleka kwa wajomba zako."

"Nilishakusamehe, Hashimu. Nakupenda mpaka naumwa." Machozi yakaanza kumtoka, hakuyazuia. "Ila nijibu moja. Siku mtoto wetu akiugua, nikalia mbele yako, utalia na mimi, au utanitazama kwanza?"

Jibu lilikuwa jepesi. Hashimu alifungua mdomo kulisema, lakini macho yake yalikuwa yameshatangulia kwenye mashavu ya Mwamvita, yakifuata chozi moja lilivyoshuka, yanalichunguza. Mwenyewe hata hakujijua. Mwamvita alimwona.

Akamrudishia bahasha yake, taratibu, bila hasira. "Nenda, Hashimu. Wajomba zangu usiwasumbue."